Tupeane uzoefu: oksijeni iliposhuka mwilini, chanzo kilikuwa nini?

Muuguzi, Goma: Ndugu wa Goma na Bukavu, naomba kila mmoja aeleze kisa chake pamoja na chanzo kilichogunduliwa, kwa maana kipimo cha kidoleni hutoa namba tu (asilimia ya oksijeni kwenye damu), hakitaji sababu. Hapa tuko karibu mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, hivyo 95 kwa mtu mzima mwenye afya hainishtui. Ikiwa chini ya 90, mgonjwa anahitaji oksijeni bila kungoja. Kabla ya kuiamini namba, hupasha joto vidole vya mgonjwa na kufuta rangi ya kucha.

Mama wa Ndosho: Mjukuu wangu alikohoa, watu wakasema ni baridi (baridi husingiziwa mengi mjini kwetu). Nilipomvua shati niliona ngozi ya chini ya mbavu ikibonyea ndani kila alipovuta pumzi, na matundu ya pua yakitanuka, nikambeba mgongoni hadi kituo cha afya. Kipimo kilisoma 86. Ilikuwa nimonia: vifuko vya hewa vya mapafu vilikuwa vimejaa majimaji na usaha, hata hewa iliyoingia haikuifikia damu vizuri. Alipona kwa antibiotiki na oksijeni ya mpira wa puani.

Papa wa Kadutu, Bukavu: Kwetu namba ndiyo iliyodanganya. Usiku wa mvua mbabula ya makala (jiko la mkaa) ilibaki ndani, inawaka, madirisha yamefungwa. Mke wangu akaamka kichwa kikimgonga, akatapika, akaanguka mlangoni. Kipimo kilisoma 98. Daktari alimvalisha kinyago cha oksijeni hata hivyo, akatueleza kwamba monoksidi ya kaboni hushika nafasi ya oksijeni kwenye damu na kifaa hicho hakiwezi kuzitofautisha.

Kijana wa njia ya Sake: Msisahau mazuku, yaani gesi ya kaboni dioksidi inayotoka ardhini: ni nzito kuliko hewa, hulala mabondeni, hasa alfajiri kabla ya upepo. Mbuzi wa jirani alipozimia shimoni, tulimshika kwa nguvu aliyetaka kumfuata.

Muuguzi, Goma: Mwenye kisa cha upungufu wa damu aandike pia. Mtoto mwenye malaria kali aweza kusoma 97 huku anahema, kwa sababu kipimo huonyesha ni sehemu gani ya hemoglobini (kibeba oksijeni cha damu) imebeba oksijeni, hakipimi wingi wa hemoglobini yenyewe; huyo mtazameni weupe wa viganja na wa ndani ya kope.