Tupeane uzoefu: uliyepinga barua ya uhamisho, iliishaje?

MwalimuIgoma
Wakuu, jana bandarini nimemwona binti ana godoro, ndoo mbili, mtoto mgongoni na bahasha ya kaki mkononi, anasubiri meli ya Nansio, kisiwani Ukerewe. Bahasha ile naijua. Ya 2017 yakanirudia yote. Aliyewahi kupinga uhamisho, kwa rufaa au mahakamani, atusimulie.

SatoMbichi
Yangu imekuja Ijumaa saa tisa alasiri, Jumatatu niwe nimeripoti. Hata nauli hawajanipa.

NesiWaZiwani
Mimi ni muuguzi. 2019 nilipangiwa zahanati ya kisiwani, nikapewa siku saba. Mwanangu wa pili ana selimundu, kliniki yake iko mjini. Nikaandika barua kuomba wanifikirie, nikaambatanisha kadi ya kliniki. Kimya. Nikabaki kituoni kwangu nikijua barua ile inanilinda.

Wiki ya tatu nikaletewa hati ya mashtaka: utoro kazini zaidi ya siku tano. Mshahara ukasimama. Nikakopa, nikaweka wakili, tukaenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile ya migogoro ya kazi. Siku ya kusikilizwa tukaambiwa hapa si mahali pake: tangu marekebisho ya 2016, kifungu cha 32A, mtumishi wa umma amalize kwanza njia za Sheria ya Utumishi wa Umma. Na siku 45 za kukata rufaa kwa njia hizo zilishapita nikiwa nahangaika huko.

Usiku mmoja mtoto akabanwa na maumivu. Bima ilishakatika pamoja na mshahara. Nilimbeba mgongoni, mvua inanyesha, sina hata ya bodaboda. Kila hatua analia, "mama mifupa". Sauti ile ninayo mpaka leo.

Niliomba kuongezewa muda, nikakata rufaa, nikashinda baada ya miezi kumi na minne. Barua ya kunirudisha kazini ilitaja kituo: kisiwa kilekile.

Mama Wawili
Pole sana dada. Nimesoma nikashindwa kuendelea kupika.

MkweliDaima
Pole, lakini tuambiane ukweli. Tulipoajiriwa tulikubali kufanya kazi popote. Watu wa visiwani kama Ukara watibiwe na nani?

MwalimuIgoma
Mkuu, rudia kusoma. Hakukataa kisiwa, aliomba mtoto afike kliniki.

MkweliDaima
Nimesoma. Mimi nimezaliwa kisiwani. Mama alimzaa mdogo wangu ndani ya mtumbwi kwa sababu nesi aliyepangiwa kwetu hakuripoti. Msinitake ninyamaze.

NesiWaZiwani
Sina ugomvi na wewe kaka. Nilipofika huko wanawake wa namna ya mama yako ndio nilionao kila siku.

MasijalaMstaafu
SatoMbichi, ripoti kwanza, lalamika ukiwa kituoni. Halafu soma kichwa cha barua. Wakiandika "kwa maombi yako" na wewe hukuomba, wajibu siku hiyohiyo kwa maandishi, maana uhamisho wa kuomba mwenyewe haulipwi. Wa kikazi una haki zake: posho ya kujikimu siku 14, yako, ya mwenza na watoto hadi wanne, usumbufu asilimia 10 ya mshahara wa mwaka, nauli na mizigo. Kila barua unayopeleka, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa.

Ngosha_Buhongwa
Usiripoti! Ukiripoti umeshakubali, nani atakusikiliza tena?

MasijalaMstaafu
Kijana, huyo dada hapo juu hakuripoti. Umeona yaliyompata.

DagaaMkavu
Nendeni Mahakama Kuu, mapitio ya mahakama, yaani jaji aangalie kama uamuzi wa ofisi ulifuata sheria, ila kibali kiombwe ndani ya miezi sita. Shemeji yangu alikwenda, akarudishwa: hujamaliza ngazi za chini.

Mama Wawili
Mie naona tafuta wa kubadilishana naye. Kisiwani hakosi mtu mwenye familia huku mjini, Nyegezi.

Ngosha_Buhongwa
Au aoe hukohuko, sangara atakula bure.

SatoMbichi
Wabeja sana wote. Nimeshakata tiketi ya kesho. Masijala wanasema niiache barua tu, muhuri haupo.

MasijalaMstaafu
Kaa hapo mpaka upatikane.

Mama Wawili
NesiWaZiwani, na mtoto?

NesiWaZiwani
Yuko darasa la sita. Kila mwezi tunavuka naye kuja kliniki.