Grande Otelo: kwa nini mwigizaji mkali hivi alijazwa kwenye vichekesho tu?

Mpenda Picha:
Wakuu habari zenu. Nimeangalia Macunaíma ya mwaka 1969, filamu ya Brazil, yule mzee mfupi mweusi anayezaliwa tayari mtu mzima, anadondoka chini puu halafu anaanza kulia kama kichanga, kaniacha hoi kabisa. Kutafuta nikakuta anaitwa Grande Otelo. Sasa kinachonisumbua, kila nikigusa kazi zake za miaka ya 40 na 50 nakuta ni vichekesho vya kanivali na yuko pembeni ya mzungu mmoja anaitwa Oscarito. Mtu ana uwezo ule hakupewa kazi nzito kweli? Anayemfahamu atujuze, na nianze na ipi.

Kamera Moja:
Mkuu umegusa penyewe. Jina lake la kuzaliwa ni Sebastião Bernardes de Souza Prata, kazaliwa 1915 Uberlândia, jimbo la Minas Gerais. Bado mtoto akaondoka na watu wa maigizo, akapita kwenye Companhia Negra de Revistas, kundi la wasanii weusi watupu la miaka ya 20, baadae Rio de Janeiro akawa anapiga shoo Cassino da Urca, ukumbi wa kamari na burudani. Na usteringi alipewa, tena mapema! Mwaka 1943 studio ya Atlântida ilitoa Moleque Tião, stori imechotwa kwenye maisha yake mwenyewe na steringi ni yeye, na ilifanya vizuri sana. Inayouma ni kwamba hakuna nakala iliyobaki, hatuwezi kuiona tena. Baada ya hapo studio ikaona hela iko kwenye chanchada, yaani zile komedi za muziki, wakamuunganisha na Oscarito, na kwenye matangazo ni Oscarito kwanza, Otelo anafuata.

Binti Sinema:
Mimi sikubali kwamba chanchada ni kazi ndogo. Tazama Carnaval no Fogo ya 1949, wanavyowaigiza Romeo na Juliet, Otelo ndo Juliet kavaa wigi, mtu anacheza na macho tu na huwezi kumuangalia mwingine. Na kipindi kile kile filamu inatengenezwa alifiwa na mke na mtoto wa kambo kwa tukio baya sana nyumbani kwake, na bado kazi ikaisha. Kuchekesha watu ukiwa kwenye hali hiyo ni uwezo mkubwa jamani.

Ila kama unataka nzito, Rio, Zona Norte ya 1957, kaiongoza Nelson Pereira dos Santos. Otelo ni mtunzi wa samba masikini, nyimbo zake zinaporwa na watu wenye majina, kaanguka kutoka kwenye treni yuko hoi pembeni ya reli na maisha yote yanamrudia kichwani. Hapo hachekeshi. Na samba alikuwa anaijua kutoka ndani, wimbo wa Praça Onze wa 1942 kautunga yeye na Herivelto Martins, wakilia na uwanja wa jina hilo hilo uliokuwa unabomolewa kupisha barabara kubwa.

Mpenda Picha:
Asante sana dada, hiyo ya reli naitafuta leo leo. Sasa kwenye Macunaíma mbona katikati wanambadilisha anakuwa mzungu?

Kamera Moja:
Ndo ilivyo kwenye kitabu cha Mário de Andrade, shujaa anaoga maji ya maajabu anatoka mweupe, mwigizaji mzungu Paulo José anachukua nafasi. Mimi naona filamu inawasuta Wabrazil wenyewe pale, maana akishakuwa mweupe ndo anaingia mjini. Lakini angalia vizuri, Otelo anarudi tena baadae kama mtoto wa huyo huyo Macunaíma, na kila akitokea picha inachangamka upya. Orson Welles, yule mwongozaji wa Marekani, alipokwenda Rio 1942 kurekodi filamu ya It's All True alimkubali sana Otelo na akamtumia, bahati mbaya studio yake ya RKO wakaikatisha ile kazi. Otelo aliendelea kuigiza mpaka uzeeni, hadi filamu ya Fitzcarraldo ya mwongozaji Mjerumani Werner Herzog yumo, akafariki Novemba 1993 alipofika Paris, alikuwa anaelekea Nantes kwenye tamasha la filamu lililopanga kumpa heshima.

Binti Sinema:
Ukimaliza hiyo ya reli rudi utuambie, maana kuna sehemu anaimba samba yake mbele ya mwimbaji Ângela Maria, nataka nisikie umeionaje.