Mjadala: Tango ya Argentina ipigwe na ala nne za nyuzi ukumbini, watu wamekaa?

Mpiga Chelo: Tuko wanne: fidla mbili, viola (fidla kubwa kidogo) na chelo. Tunataka onyesho zima liwe la Piazzolla, mtunzi wa tango, watu wakae kimya kama kwenye muziki wa kiklasiki wa Haydn. Rafiki yetu anasema tunaiua tango. Mnasemaje?

Kisigino: Mnaiua, na mazishini mnatoza kiingilio. Tango ni ya miguu. D'Arienzo, kiongozi wa bendi ya tango, alijaza kumbi za dansi Buenos Aires miaka ya 1930 kwa mdundo tu. Nyie watu wa noti mnavuta upinde weee, mnachelewesha kila pigo, mchezaji anabaki mguu hewani. Tena bila bandoneoni, kile kiakodioni chao, tango gani hiyo?

Upinde: Piazzolla mwenyewe aliwaandikia Kronos Quartet, kundi la fidla mbili, viola na chelo kama nyie, "Four, for Tango", ala za nyuzi peke yake. Na sekisteti (kundi la watu sita) ya mpiga fidla wa tango Julio de Caro ya 1924 ilikuwa fidla mbili, bandoneoni mbili, piano na besi. Kama huo si muziki wa ukumbi mdogo, ni nini?

Vitufe: Ngoja kwanza. "Kiakodioni"??? Bandoneoni ya Buenos Aires, kitufe kilekile ukivuta kinatoa noti hii, ukisukuma kinatoa nyingine. Wala mkono wa kushoto haukupi noti tatu kwa kitufe kimoja kama akodioni. Uliza kabla ya kuropoka.

Kisigino: Linavutwa, linasukumwa, linalia. Kwangu ni akodioni. Au ukiita hivyo linashuka hadhi?

Mwana wa Ng'ambo: Akodioni imewakosea nini nyote wawili? Taarabu ya Unguja ina akodioni, fidla na ganuni, wapigaji wamekaa, watu wametulia, wanainuka kwenda kutunza tu. Nani kasema imekufa?

Kisigino: Kaka, pale watu wanasikiliza shairi. Ala zenu nne zitaimba shairi gani?

Mwana wa Ng'ambo: Na bashraf je, ile ya ala tupu kwenye taarabu? Ina shairi gani?

Kisigino: Bashraf ni ya kufungulia. Watu bado wanatafuta viti.

Somo: Astaghfirullah! Wanatafuta viti? Mwanangu, huko kwenu labda. Kwetu bashraf ikianza hata mtoto hakohoi.

Upinde: Hoja yangu ya De Caro ya 1924 naona imerukwa.

Mpiga Chelo: Jamani, ule mkwaruzo wa tango tunaupataje bila bandoneoni?

Upinde: Fidla ya pili ikwaruze nyuma ya daraja, kile kibao kinachoinua nyuzi; mkwaruzo huo ndio chicharra. Chelo ikate mapigo manne, upinde mfupi, karibu na mkono unaoushika. Hapo Kisigino ana haki: mkivuta upinde mrefu kama kwenye muziki wa kiklasiki wa Brahms mmekwisha.

Kisigino: Asante kwa haki yangu. Somo, shikamoo, lakini mimi taarabu nimehudhuria.

Somo: Marahaba. Umehudhuria wapi, harusini au ukumbini?

Vitufe: Na bado anaiita akodioni.

Mwana wa Ng'ambo: Vitufe, tuache kidogo. Kisigino, jibu swali la Somo.