Mafundi redio wa magari wanatutoza fedha za kufunga maiki ya nje, kisha wanakataa kuipima

Heshima kwenu wakuu. Nafungua uzi huu nikiwa na hasira, wala sioni sababu ya kuificha. Nimelipa fedha yangu ili nifungiwe maiki ya nje kwenye redio ya gari, yaani maiki ya waya inayokaa nje ya redio yenyewe kwa ajili ya kupokelea simu, kazi imefanywa ovyo, nimerudi kulalamika, na fundi mkuu wa duka akanijibu mbele ya wateja wengine, "Redio inaimba vizuri, bosi, sasa wewe shida yako ni nini?" Shida yangu ni kwamba sikulipia kuimba. Nililipia mtu aliye upande wa pili wa simu anisikie ninapozungumza nikiwa nyuma ya usukani, na mtu huyo mpaka leo hanisikii.

Duka liko Kariakoo, upande wa Gerezani. Jina lake silitaji, kwa sababu wafanyakazi wenzangu waliofunga redio kwenye maduka mengine ya Dar es Salaam wanasimulia mambo yaleyale, na nisingependa mtu aondoke hapa akidhani kwamba akilikwepa duka moja atakuwa amesalimika.

Gari ni Toyota iliyotoka Japani, na kama kawaida ya magari hayo ilikuja na redio yenye menyu za Kijapani na masafa ya FM yanayoanzia megahezi 76, ambayo yaliishia kabla ya kuvifikia vituo vyetu vingi. Nikaitoa, nikafunga redio ya Android yenye skrini ya inchi 9. Muziki hauna neno, ramani haina neno, kamera ya nyuma haina neno. Simu ndiyo balaa. Kila niliyempigia alisema nasikika kama mtu aliyetumbukia kwenye pipa, na wengine walikata simu kwa kuchoshwa na maneno yao wenyewe yaliyokuwa yakiwarudia masikioni.

Chanzo cha tatizo kinajulikana na kila fundi anayejiheshimu. Tazameni fremu ya redio hizi: pembeni kuna vitundu viwili vidogo, kimoja kimeandikwa RST, cha kuiwasha redio upya, na kingine MIC. Nyuma ya hicho cha pili kuna maiki ya milimita chache tu iliyochomelewa kwenye saketi ya redio. Imekaa katikati ya dashibodi, inatazama nafasi iliyo kati ya viti viwili, mdomo wa dereva uko mbali nayo na tena uko pembeni, matundu ya kiyoyozi yapo jirani yake, na plastiki inayoishikilia hutetemeka kila spika za milangoni zinapopiga besi. Redio yenyewe ina programu ya kufuta mwangwi, ambayo kazi yake ni kuitambua sauti inayotoka kwenye spika na kuiondoa katika kile kinachorudishwa kwa mpigaji; lakini maiki ikiwa inapokea sauti ya spika kwa nguvu kuliko sauti ya dereva, programu hiyo inashindwa, na ndipo mpigaji anapojisikia mwenyewe. Dawa yake ni kuisogeza maiki karibu na mdomo na kuiweka mbali na spika. Ndiyo maana redio nyingi zina tundu la maiki ya nje mgongoni au waya wake maalumu, na ndiyo maana nilikwenda dukani nikiomba kitu hicho kimoja kwa jina lake.

Nikatozwa shilingi 25,000 za maiki na 20,000 za ufundi. Risiti niliyopewa ni ya kuandikwa kwa mkono, si ya EFD, mashine ya risiti za kodi, na nilipoiulizia niliangaliwa kana kwamba nimetukana mtu.

Sasa sikilizeni kazi yenyewe. Fundi aliibandika maiki juu ya dashibodi, kando kabisa ya tundu la kiyoyozi, kwa sababu moja tu: waya ulifika hapo bila yeye kulazimika kufungua plastiki nyingine yoyote. Nilimuuliza kama upepo hautaingia kwenye maiki, akasema ina sponji. Sponji ile ndogo inapunguza pumzi ya mtu anayesema karibu nayo. Haiwezi kushindana na feni ya gari iliyofunguliwa namba tatu saa nane mchana. Zaidi ya hayo, gundi ya povu iliyotumika haikuhimili joto la dashibodi lililotokana na jua la mji huu. Ililainika, maiki ikachomoka, ikaning'inia na waya wake karibu na pedali za miguu nikiwa kwenye foleni ya Barabara ya Mandela. Kifaa nilichokinunua ili niendeshe kwa usalama kikawa kinatafuta kunyang'anya breki mguu wangu.

Hilo lilinikera, lakini lililonitia hasira hasa niligundua baadaye. Nikiwa nimeegesha gari nilimpigia ndugu yangu, nikaikwaruza maiki ya nje kwa ukucha. Hakusikia chochote. Nikakikwaruza kile kitundu cha MIC kwenye fremu ya redio, akasema, "Hapo nasikia mkwaruzo mkubwa." Yaani muda wote huo redio ilikuwa bado inatumia maiki yake ya ndani, na ile niliyoilipia ilikuwa pambo. Nawaomba kila aliyefungiwa maiki ya nje afanye jaribio hili leo, kwani halihitaji kifaa chochote zaidi ya ukucha na mtu wa kupokea simu.

Kuna redio ambazo ukichomeka plagi ya maiki ya nje, ile ya ndani inakatwa yenyewe. Kuna nyingine ambazo lazima uingie kwenye mipangilio ya kiwandani, yenye namba ya siri inayotofautiana redio na redio, uchague maiki ya nje na kurekebisha kiwango cha nguvu yake. Na kuna nyingine, hasa za bei nafuu, ambazo maiki zote mbili zimeunganishwa pamoja na hufanya kazi kwa wakati mmoja, hivyo sauti yako inafika mara mbili kwa tofauti ndogo ya muda na kutoka ikiwa na utupu uleule ulioukimbia. Hizo dawa yake ni kuifungua redio na kuikata ya ndani. Fundi anayeuza redio hizi kila siku anapaswa kujua aliyoishika mkononi ni ya kundi gani. Wa kwangu hakujua, na nilipomweleza alisema hayo ni mambo ya kwenye YouTube.

Niliporudi, badala ya kuingia kwenye mipangilio, akasema maiki ndiyo mbovu. Akachukua visikilizi vya simu vilivyokatika, akakata kipande chenye maiki, akakisokota kwenye waya na kuzungushia tepu nyeusi, bila kuchomelea. Hapa naomba mnivumilie, kwa sababu jambo hili linaharibu redio za watu. Maiki hizi za kawaida hazifanyi kazi bila umeme mdogo wa volti chache ambao redio yenyewe huupeleka kupitia waya uleule wa sauti. Plagi ya visikilizi vya simu ina sehemu nne, ilhali tundu la maiki la redio limetengenezwa kwa plagi ya sehemu mbili au tatu, hivyo mpangilio wa nyaya haulingani na huwezi kubahatisha rangi ukategemea baraka. Hata ukubwa wa plagi haufanani: redio nyingi za Pioneer hutumia plagi ya milimita 2.5, Kenwood na zile nyingi za Android hutumia ya milimita 3.5. Fundi anayejua hutazama mchoro wa nyaya uliobandikwa kwenye mfuniko wa redio au ulio kwenye kijitabu chake. Mimi kijitabu nilikuja nacho. Kilitumika kuwekea skrubu.

Nikasisitiza maiki ihamishiwe juu, karibu na kikinga jua. Akakubali kwa shingo upande, akachukua bisibisi bapa, akabandua kidogo plastiki ya nguzo ya kioo cha mbele na kuusukuma waya ndani kwa ncha. Kwenye plastiki ile yameandikwa, kwa herufi zinazosomeka, SRS AIRBAG. Ndani ya nguzo hiyo mna mfuko wa hewa unaoshuka kama pazia gari likigongwa ubavuni, na hufumuka kwa muda usiofikia sehemu moja ya kumi ya sekunde. Waya uliopita mbele yake, pamoja na maiki na klipu yake, unaweza kurushwa usoni kwa dereva kwa nguvu hiyohiyo au kuuzuia mfuko usifunguke sawasawa. Kazi ya uangalifu ni kuitoa plastiki yote, kuupitisha waya nyuma ya mfuko kwa kufuata njia ya nyaya za kiwandani, kuufunga kwa mikanda ya plastiki ili usicheze, na kurudisha klipu zote mahali pake. Kama fundi hawezi hayo, aiache nguzo kabisa na apitishe waya chini ya dashibodi hadi kwenye mfuniko wa juu wa shina la usukani, ambako maiki inaitazama midomo ya dereva moja kwa moja na hakuna mfuko wa pazia njiani. Nilipomwonyesha maandishi yale, alinijibu kwamba amefunga magari mengi na hakuna aliyekufa.

Hapo nilichukua ufunguo wangu.

Najua wapo watakaosema kwamba tatizo ni mtandao wa simu, kwa sababu ndivyo nilivyoambiwa na mwenye duka pia. Jibu langu ni kwamba simu ileile, laini ileile, mahali palepale, nikiizima Bluetooth na kuiweka sikioni gari likiwa limesimama, nasikika bila shida. Mwenye duka alikuwa na la pili: ninunue maiki ya bei kubwa zaidi, ambayo kwa bahati alikuwa nayo kabatini. Simu inayopita kwenye Bluetooth hubanwa. Katika mfumo wa zamani sauti hupimwa mara 8,000 kwa sekunde, na katika ule uliofuata mara 16,000. Maiki ya bei yoyote itapita kwenye kichujio hichohicho, kwa hiyo ya bei nafuu iliyowekwa nusu mita kutoka mdomoni itaishinda ya gharama iliyobandikwa kwenye tundu la kiyoyozi. Nilikataa kuinunua, na huduma ikabadilika sura papo hapo.

Jambo ambalo mafundi hawa wanalitumia kutuonea ni hili. Spika ikiwa mbovu, mwenye gari anasikia. Skrini ikiwa mbovu, anaona. Maiki peke yake ndiyo kifaa ambacho ubovu wake hausikiki ndani ya gari, unasikika kwa mtu aliye Mbagala au Mwanza, na fundi anajua kwamba mtu huyo hayupo dukani kumkabili. Kwa hiyo anawasha muziki, anapandisha sauti, anatikisa kichwa, anapokea fedha. Nilipoomba tupige simu moja ya majaribio kabla sijalipa, niliambiwa hawana vocha. Nikatoa simu yangu, wakasema injini isiwashwe kwa sababu ya moshi dukani. Jaribio la injini iliyozimwa, milango wazi na feni imezimwa halina thamani hata kidogo, kwani ni injini inapowaka ndipo unapojulikana mvumo wa altaneta, ile jenereta ya umeme wa gari, unaoingia kwenye waya wa maiki uliofungwa pamoja na nyaya za umeme, ule mlio mwembamba unaopanda kila unapokanyaga mafuta. Wala wasituonyeshe programu ya kurekodi iliyomo kwenye redio. Rekodi hiyo haipiti katika njia ambayo simu hupita.

Sikutaka maiki hii kwa anasa. Kazi yangu ni ya kusambaza bidhaa, wateja hupiga nikiwa njiani, na trafiki akikukuta umeshika simu huku unaendesha anakuandikia faini, nami naona yuko sahihi. Ningeweza kusimama pembeni kila simu inapolia, na ndivyo ninavyofanya sasa, huku maiki ya shilingi 25,000 ikiwa kwenye droo ya gari.

Madai yangu kwa duka, ambayo nimeyaandika na kuyapeleka kwa mkono, ni haya: warudishe shilingi 20,000 za ufundi, kwa kuwa ufundi haukufanyika, waondoe kwa gharama zao waya walioupenyeza kwenye nguzo, mbele ya fundi mwingine nitakayemleta mimi, na waeleze kwa maandishi kama waliifungua saketi ya redio au la, kwa sababu muuzaji wa redio amenipa waranti na ataniuliza swali hilo. Wamepokea barua na hawajaijibu.

Wakati nikiwasubiri nahitaji msaada wa aina moja. Aliyewahi kufungiwa maiki ya nje hapa Dar es Salaam na fundi aliyekubali kuipima kwa simu, injini ikiwaka, vioo vimepandishwa na kiyoyozi kimewashwa, aandike ni eneo gani, alitozwa kiasi gani, na maiki iliwekwa sehemu ipi ya gari. Namba za simu za watu msiziweke hadharani. Na kama wewe ni fundi na umesoma hadi hapa ukaona nimewaonea, niambie ni wapi, ila usianze kwa kuniambia kwamba redio inaimba.