Mwani mkavu tutauza mpaka lini?

Shangani: Wachumi Prebisch na Singer walishasema tangu 1950: anayeuza mali ghafi, kila miaka ikienda, inambidi auze nyingi zaidi ili anunue mashine ileile. Mwani wetu wa Zanzibar tunausafirisha mkavu, unaturudia ndani ya dawa ya meno. Kwa nini tusisindike wenyewe? Naomba hoja. Ingawa wanaume wa vijijini wenyewe wako barazani na bao, kina mama ndio baharini.

Kijana wa Konde: Yakhe, juu ya mkarafuu anapanda nani? Shangazi yako?

Shangani: Pemba sikuitaja. Umejishtukia.

Bi Mwani: Mumeshaanza. Bamvua likija sisi tumo majini, tunafunga miche kwenye kamba mmoja mmoja, mgongo unauma. Kotonii, mwani wenye bei, inaoza kwa maji ya moto, tumebaki na spinosamu, mwani wa bei ya kutupa. Hicho kiwanda chenu kitakula nini?

Mzee wa Darajani: Kiwanda cha nini! Someni Arthur Lewis, mchumi, mtoto wa St Lucia, kisiwa kama chetu, Nobel ya 1979. Alisema nguvukazi itoke shamba iingie sekta ya kisasa. Hoteli je? Vijana wa Konde wamejaa tele Nungwi.

Kijana wa Konde: Wamejaa wakifagia. Lewis huyohuyo kasema wanaongoja kazi wakiwa wengi, mshahara haupandi. Ukurasa huo umeuruka, ami? Na Konde imekukosea nini?

Mzee wa Darajani: Si jina ulilojipa mwenyewe?

Mtu wa Chake: Waacheni. Karafuu zetu mteja mkubwa alikuwa Indonesia, anatia kwenye sigara zake za kretek. Akapanda mikarafuu yake mwenyewe, miaka ya 80 bei ikatuangukia kichwani. Hata ukisindika, mnunuzi akiwa mmoja umekwisha.

Shangani: Na zinazovuka usiku kwenda Mombasa, huyo naye mnunuzi mmoja?

Mtu wa Chake: Eti magendo! Bei ingekuwa nzuri hapa, nani angehatarisha roho yake kwenye mkondo wa Pemba?

Kijana wa Konde: Mwambie! Anakunywa kahawa Mji Mkongwe, anatuita wezi.

Shangani: Wezi nimesema wapi?

Bi Mwani: Kilo ya mwani mbichi hicho kiwanda kitanunua kwa shilingi ngapi?

Mzee wa Darajani: Magendo yalikuwapo tangu enzi za babu zetu, tena wa mjini ndio waliokuwa na majahazi.