Kisima chetu kimeingia chumvi, tuchimbe zaidi?

Mama Tungule, Micheweni
Asalamu alaikum. Tuko wanawake 6, tunalima tungule (nyanya) na mabilingani huku uwandani Pemba, penye mawe. Kisima chetu kilikuwa na maji baridi, yasiyo na chumvi, tangu enzi za bibi zetu, wakiteka kwa ndoo. Mwaka jana tulichangishana tukanunua mota, tukaongeza matuta 14. Vuli haikunyesha vya kutosha, na kaskazi ilipoingia mota ikawa inavuta tangu asubuhi hadi adhuhuri. Sasa maji ukiyaonja ni chumvi. Majani ya tungule yanaungua pembeni kama yaliyobabuliwa na moto, na udongo ukikauka unabaki na unga mweupe. Fundi anasema tushuke futi 20 zaidi. Pesa tuliyonayo ni ada za watoto. Tuchimbe?

Mchimba Visima
Msichimbe, dada yangu. Kwenye mawe yetu maji ya mvua hupenya, yakaelea juu ya maji ya bahari, maana ya bahari ni mazito. Kila mita 1 ya maji baridi iliyo juu ya usawa wa bahari hubeba kama mita 40 chini yake. Mota ikiyashusha haya ya juu, chumvi inapanda kutoka chini. Mkichimba mnaifuata iliko. Nimeshafukia visima 2 vya namna hiyo na roho inaniuma hadi leo. Bomba lenu limeshuka wapi? Liinueni, vuteni kidogo kidogo.

Bibi wa Kisiwa Panza
Pole mwanangu. Sie bahari ilitufuata yenyewe. Mikoko ilikatwa kwa kuni na kuchomea chokaa, basi bamvua, yale maji makuu ya bahari, likija maji yanaingia mpaka kwenye bonde la mpunga. Tumepanda mikoko upya, mpunga bado haujarudi. Lakini chumvi ya juu ya udongo, masika ikinyesha vizuri huoshwa. Kwa sasa tandazeni majani makavu kwenye matuta, mwagilieni jioni, maji yaende shinani, yasiguse majani.

Mama Tungule, Micheweni
Ahsanteni sana. Kaka, bomba limegusa chini kabisa, na sisi tuliona ndiyo sawa. Jana tumekaa, tumekubaliana mota izimwe, turudi kwenye ndoo na kamba, matuta 8 ya juu yangoje masika. Mwenzetu mmoja alilia, kwa sababu matuta yake yote yamo kwenye hayo 8. Kila mmoja wetu atampa sehemu ya mavuno yake. Kisima kinapumzika tangu alfajiri ya leo. Ijumaa nitayaonja tena.

Mchimba Visima
Onja kabla hamjateka, maji yakiwa yametulia. Halafu nijulishe.