MREJESHO: Kicheko cha spika za nyuma kwenye komedi ya familia

Asanteni sana wakuu. Niliuliza kwa nini kicheko cha watazamaji kinapendeza kwenye 5.1 (mfumo wa spika tano na moja ya besi) lakini kwenye televisheni ya kawaida kinameza maneno. Mlikuwa sahihi: tatizo ni pale 5.1 inapogeuzwa kuwa stirio, yaani spika mbili tu, kushoto na kulia. Spika za nyuma kwa kawaida hushushwa dB (desibeli) 3 tu na kuunganishwa na za mbele, hivyo kicheko kilichokuwa mgongoni kinakuja kukaa juu ya mazungumzo. Chaneli ya besi, ile .1, mara nyingi huachwa kabisa, ndiyo maana kishindo cha baba kuanguka na kabati kilipotea.

Sasa kicheko cha nyuma kimeshuka dB 4 zaidi, na mwisho wake unafifia kabla ya sentensi inayofuata. Kishindo kimewekwa pia kushoto na kulia. Ila ule ushauri wa kunakili kicheko cha mbele na kukichelewesha milisekunde 15 nyuma, hapana: vikiunganishwa, sauti inakuwa kama inatoka kwenye bomba. Tumieni rekodi mbili tofauti.

Kilichogusa hisia zaidi ni ukimya. Binti anapomwomba mama msamaha, kicheko hakipo kabisa, na sauti ya mvua ya pembeni inafifia taratibu kwa sekunde 4 hadi sauti ya binti ibaki peke yake spika ya kati. Mvua ikikatwa ghafla, mtazamaji anadhani televisheni imeharibika.

Kipimo cha mwisho ni LUFS -23 (LUFS hupima ukubwa wa sauti kama sikio linavyousikia), na stirio ipimwe kivyake.